Makofi Hayakuhesabiwa

Wasifu wa Bi. Pudensiana Eliasi, umeandikwa kwa ajili ya hafla ya kumuaga, Ijumaa tarehe 27 Juni 2003

Tarehe 30 Juni 2003, Bi. Pudensiana Eliasi, Katibu Muhtasi Mwandamizi na mwandishi wa vikao wa halmashauri yetu, anastaafu kwa hiari baada ya utumishi wa miaka thelathini na mmoja na miezi minne. Kwa hesabu yake mwenyewe, ambayo hakuna wa kuipinga kwa kuwa kumbukumbu zote anazo yeye, ameandika vikao na mikutano ya hadhara elfu moja mia mbili na sita, amejaza madaftari mia moja arobaini na matatu, na amesinzia kazini mara mbili. Mara zote mbili aliandika ndani ya daftari kwamba mwandishi alisinzia, kuanzia saa ngapi hadi saa ngapi.

Wengi mnamwita Mama Agnela, kwa jina la binti yake wa kwanza. Mimi nimekuwa msaidizi wake kwa miaka minane, na kuanzia Julai nitakaa kwenye kiti chake. Niliomba mwenyewe kuandika wasifu huu. Wapo humu ofisini wenye kalamu nzuri kunizidi, lakini nina jambo langu la kusema juu ya Mama Agnela na juu yangu, na nikiiacha siku hii ipite sidhani kama nitapata nyingine. Nitalifikia. Yeye hapendi mtu arukie ajenda.

Alizaliwa Juni 1948 huko Kibosho, katika nyumba ya Wakatoliki wenye kahawa na watoto tisa. Anasema katika nyumba ya watoto tisa hakuna anayesikilizwa, ndiyo maana yeye alijifunza kusikiliza, angalau awepo mmoja. Baada ya shule alikwenda Tabora kusomea uhazili, akarudi na cheti cha hati mkato cha maneno mia moja na ishirini kwa dakika. Kwa vijana mnaodhani uandishi wote ni kompyuta, hati mkato ni ile mistari na vijialama ambavyo mwandishi huchora kwa kasi ya mdomo wa msemaji, halafu baadaye huvisoma na kuvipiga chapa kwa maneno kamili. Asiyeijua akiitazama huona kuku amepita.

Aliajiriwa tarehe 1 Machi 1972 katika ofisi moja ya serikali hapa mjini Arusha. Alipanga chumba Kijenge, akaolewa Kijenge, akajenga Kijenge, na kila asubuhi ametembea kwa miguu kutoka Kijenge hadi kazini, mvua au jua, akiwa na chupa ya mtori wa ndizi kwapani. Halmashauri ziliporudishwa mwaka 1984 alihamishiwa kwetu, na mtori ukahamia naye. Tuliobahatika kukaa meza ya jirani tumenenepa kwa ajili yake.

Kuhusu miaka yake ya mwanzo kuna kisa ambacho yeye hukisimulia bila kucheka, nasi tunacheka kwa niaba yake. Katika ofisi yake ya kwanza palikuwa na mkubwa mmoja aliyeona kwamba kumbukumbu za mikutano ya hadhara hufanana siku zote, basi kwa nini wasubiri mkutano? Asubuhi moja alimpa Pudensiana kumbukumbu za mkutano wa alasiri azipige chapa mapema ziwahi gari la posta. Akazipiga, zikaondoka. Zilisema wananchi walijitokeza kwa wingi chini ya jua kali na kuafiki kwa kauli moja. Alasiri mvua ilinyesha kiasi kwamba mkutano haukufanyika kabisa. Majibu kutoka juu yalikuja baada ya wiki tatu, yakiwapongeza wananchi kwa moyo wao.

Tangu siku ile, anasema, maneno "kwa kauli moja" yakawa yanamwasha mkononi.

Tuliomkuta kazini tuliyakuta mazoea yake yamekwisha kukomaa. Huchonga penseli tatu kila asubuhi, zote za risasi laini, kwa sababu kalamu ya wino hugoma baridi ya Mlima Meru ikizidi. Na katika mkutano wa hadhara hakai meza kuu. Kiti chake huwekwa pale, chenye kitambaa, karibu na soda, na yeye hukipita akaenda kukaa nyuma kabisa kwenye nyasi, pamoja na akina mama wenye watoto. Wakurugenzi watano wamejaribu kumrudisha meza kuu na wote wameshindwa. Sababu yake ni fupi: ukikaa meza kuu unaisikia meza kuu tu.

Mageuzi yalipokuja mwaka 1992, na vyama vikawa vingi, ofisi nyingi zilipata kizunguzungu, na yetu haikubaki nyuma. Watu waliokuwa wakinyamaza mikutanoni walianza kusimama, wengine wakiwa na karatasi mfukoni. Palikuwa na mjadala mrefu hapa ofisini kama mtu aliyesimama kupinga aandikwe "mpinzani", au "mwananchi", au asiandikwe. Mama Agnela aliusikiliza mjadala ule siku mbili huku akichonga penseli. Siku ya tatu akasema kwamba yeye humwandika aliyesimama kwa jina lake na kitongoji chake, basi, na kama ana chama akakiseme kwenye mkutano wa chama. Mjadala ukaishia hapo kwa sababu hakuna mwingine aliyeijua hati mkato.

Alikuwa pia na jibu kwa waliopenda kumkumbusha methali ya wengi wape. Alikubali kabisa kwamba wengi wapewe. Ila aliongeza mkia wake mwenyewe: wengi wape, wachache waandike. Mtu akishindwa katika mkutano, alituambia, bado anayo haki ya kurudi nyumbani akijua kwamba alisikika. Ukimnyima hiyo, kesho hatakuja mkutanoni, na siku atakapokuja hatakuja kuongea.

Sasa nifike Akheri.

Jumamosi tarehe 19 Februari 1994 halmashauri iliitisha mkutano wa hadhara katika kijiji kimoja cha Akheri, ambako na mimi nilizaliwa. Nilikuwa na miezi mitano tu kazini. Alikuwapo mwekezaji aliyetaka kulima maua ya kupeleka Ulaya, na maua yale yalihitaji maji ya mfereji wetu. Mfereji ule ulichimbwa na mababu, na kila mwaka ukoo kwa ukoo huusafisha kwa zamu. Asiyesafisha haoni maji. Halmashauri ilitaka ridhaa ya wananchi ndipo isaini.

Mwenyekiti wa mkutano alimtambulisha mwekezaji. Watu wa Akheri wana adabu. Mgeni akitambulishwa hupigiwa makofi, awe mwema au mwizi, hilo litajulikana baadaye. Wakapiga makofi, wakarudia mara ya pili, na ya tatu. Makofi yakiwa bado yanaendelea, mwenyekiti alisema kwamba kwa makofi hayo mazito wananchi wamekwisha kuafiki, akawashukuru, na akaanza kufunga mkutano. Ilikuwa hivyo kwa miaka mingi katika nchi hii. Makofi yalikuwa kura, na aliyepiga hakuwa na njia ya kusema alikuwa anamsalimia mtu tu.

Hapo ndipo aliposimama Mama Magdalena, mkulima wa migomba na kahawa, jirani wa mama yangu mzazi. Alikuwa amekaa nyuma kwenye nyasi, na pembeni yake, kama mjuavyo, alikaa Mama Agnela. Maneno ya Mama Magdalena sina haja ya kuyakumbuka. Nayanakili kama yalivyo katika daftari namba tisini na nne:

"Mimi naitwa Magdalena, wa hapa hapa. Nimeona watu wanapiga makofi. Mimi sikupiga, nimeshika mtoto wa mwanangu. Nauliza tu. Hayo maji yakienda kwenye maua, migomba yangu inywe nini? Maua hayaliwi. Na huu mfereji tunausafisha sisi, huyu mgeni hatujamwona na jembe hata siku moja. Kama mmeshaamua huko mjini, semeni mmeamua, na sisi tujue. Msiseme tumekubali."

Baada yake walisimama watu kumi na mmoja, wengine wakisema Kimeru na kutafsiriwa. Mwenyekiti alisema muda umekwisha. Mama Agnela aliandika yote, pamoja na saa mkutano ulipofungwa, na chini yake akaweka sentensi mbili za kwake: "Makofi yalikuwa ya kumkaribisha mgeni. Makofi hayakuhesabiwa."

Jumanne iliyofuata kumbukumbu zilifika mezani kwa mkurugenzi wa wakati ule, zikiwa kurasa sita. Alisoma, akaita, akasema ukurasa wa nne na wa tano utolewe, na mahali pake iandikwe sentensi moja ya kawaida. Mama Agnela hakugombana. Alisema atapiga chapa, mradi chini ya ukurasa iandikwe ni nani aliyeagiza maneno ya watu yaondolewe. Mkurugenzi akamwambia arudi mezani kwake. Ilikuwa saa sita.

Na hili ndilo jambo langu. Saa nane mchana niliitwa mimi. Nilikuwa kijana wa mwisho kuajiriwa, nipo kwenye majaribio, na mama yangu huko Akheri alikuwa amekwisha kuwatangazia watu kanisani kwamba mwanawe yuko ofisini. Nilipewa karatasi na nikaambiwa nipige chapa. Sikujua kupiga chapa. Nilitumia vidole viwili. Nikapiga: "Wananchi waliafiki kwa kauli moja." Nilikuwapo mkutanoni. Nilimsikia Mama Magdalena kwa masikio yangu, na yule mtoto aliyemshika namjua jina. Ukurasa ule niliupiga mimi, kwa vidole hivi. Hakuna aliyenishika mkono.

Wiki mbili baadaye Mama Agnela alihamishiwa kwenye ofisi ndogo karibu na Momela, mahali ambapo vikao vilikuwa vitatu kwa mwaka. Barua ilisema ni kwa manufaa ya kazi. Hakulalamika, ingawa kwa mtu aliyetembea kwenda kazini miaka ishirini na miwili, kuishi mbali na Kijenge kulimuuma, na Agnela wake alikuwa anakaribia mtihani. Daftari la mahudhurio la kule bado lipo, na ukurasa wa mwezi Mei una maelezo yake ya kuchelewa: "Dakika arobaini. Nyati watatu barabarani. Waliombwa kupisha, wakakataa kwa kauli moja." Inasemekana mkurugenzi aliposoma alicheka peke yake ofisini, na baadaye akakanusha.

Bomba la maua lilifunguliwa Agosti. Kufikia Oktoba mfereji ulikuwa matope, na migomba ya Akheri ikaanza kuinama. Watu walipokuja kuuliza walionyeshwa karatasi: mlikubali wenyewe. Wakaondoka, wakarudi, wakaonyeshwa tena. Mama yangu alinisimulia hayo kila Jumapili nilipokwenda kumwona, akinitazama kama mtu anayeamini kwamba mwanawe wa ofisini atasaidia. Nilikuwa nakunywa chai yake na kuangalia mlima.

Januari 1995 Mama Magdalena ndiye aliyekumbuka. Aliwaambia wenzake kwamba siku ile alikaa na mama mmoja mwembamba mwenye penseli tatu, naye alikuwa anachora, na hakuwa anachora maua. Walikuja watu arobaini hadi hapa ukumbini wakataka mama huyo aitwe. Diwani wao alisimama nao, mkurugenzi akaona ni afadhali amwite kuliko kukaa na watu arobaini ukumbini. Alhamisi tarehe 26 Januari Mama Agnela alishuka kutoka Momela na daftari namba tisini na nne ndani ya kikapu, chini ya ndizi.

Alisoma amesimama. Alisoma taratibu, bila kupandisha sauti, kama anavyosoma ratiba. Mmoja baada ya mwingine watu wale waliyasikia maneno yao ya mwaka uliopita, na nilimwona mzee mmoja akisogeza midomo pamoja naye. Mkurugenzi alitoa hoja ambayo kwa haki haikuwa ya kijinga: alisema hiyo ni mistari tu, na anayeisoma ndiye aliyeichora, basi anaweza kusoma apendavyo. Akashauri aletwe mwingine. Gari likaenda kumchukua Sista mmoja aliyefundisha uhazili hapa mjini, ambaye hakuijua Akheri wala mfereji wake.

Sista alivaa miwani akaanza. Alisoma maneno yale yale, kwa mpangilio ule ule. Katikati alisita, akainua uso na kusema hapa pameandikwa "mtoto analia", je, nalo asome? Ukumbi mzima ulicheka, na Mama Magdalena akafunika uso kwa kanga. Alipofika kwenye "Msiseme tumekubali" hakuna aliyecheka tena.

Kisha diwani aliuliza nani aliyepiga chapa ukurasa ule mwingine. Nilikuwa nimesimama karibu na dirisha, hatua nne kutoka kwake. Nilitazama viatu vyangu. Mkurugenzi alisema hayo ni mambo ya ndani ya ofisi, na kikao kikaendelea. Mama Agnela aliuchukua ukurasa ule, akaushika kuelekea dirishani, akautazama, halafu akanitazama mimi mara moja, akaurudisha mezani. Nilikuja kuelewa baadaye. Nilikuwa napiga nukta kwa nguvu kiasi kwamba zilitoboa karatasi, na mwanga ulipita katika kila nukta. Katika ofisi nzima ni mimi peke yangu niliyetoboa karatasi namna ile.

Mkutano wa Akheri ulirudiwa mwezi Machi. Safari hii hapakuwa na makofi. Walioafiki walisimama upande wa kanisa, waliopinga upande wa kahawa, na wasiotaka kusema waliachwa wakae. Walioafiki walikuwa sitini na mmoja, waliopinga mia mbili na kumi na wanne, waliokaa kumi na tisa. Bwana mmoja, Richard, alisimama upande wa wachache na kusema kahawa haina bei na watoto wake wanahitaji kazi ya maua. Alizomewa. Hapo Mama Agnela, aliyeitwa tena kutoka Momela kuja kuandika, alifanya jambo ambalo hakuwahi kulifanya katika mikutano elfu moja na zaidi: alisimama kutoka kwenye nyasi akaomba mwenyekiti awanyamazishe watu, kwa sababu hasikii. Mama Magdalena akawa wa kwanza kuwaambia wenzake wanyamaze. Maneno ya Richard yako katika daftari namba tisini na tano, kamili, na ni marefu kuliko ya mtu mwingine yeyote.

Makubaliano yaliyotoka hayakumfurahisha kila mtu. Mwekezaji aliwekewa sharti la kujenga tangi na kupata siku mbili za maji kwa wiki, tena wakati wa masika tu, na wakati wa kusafisha mfereji alileta watu wake na majembe yao. Mabinti wawili wa Richard walipata kazi. Migomba ya Akheri ipo, na mkitaka ushahidi, mtori mtakaokunywa Ijumaa ndizi zake zinatoka huko.

Mama Agnela alirudishwa mjini mwezi Juni mwaka huo, na jambo la kwanza aliloliomba ni msaidizi. Alipewa majina matatu. Akanichagua mimi. Siku ya kwanza alinikalisha mbele ya mashine, akaweka karatasi, akaniambia nipige sentensi yoyote, nami nikapiga. Akaitoa, akaiinua kwenye mwanga, akasema kwa upole kwamba nukta siyo msumari. Hakusema neno jingine juu ya ukurasa ule, siku ile wala baadaye, kwa miaka minane. Alinifundisha hati mkato kuanzia mstari wa kwanza. Nimefika maneno themanini kwa dakika, na anasema kwa Mmeru ni mengi, kwa kuwa Wameru huongea wakishafikiri.

Mafanikio yake mengine mtayasikia Ijumaa, lakini mawili hayafai kuachwa. La kwanza ni ile karatasi ya mikutano ambayo kata zetu zote zinaitumia tangu 1996, yenye mistari mitatu: walioafiki, waliopinga, waliokaa. Watendaji wa kata wanaiita "karatasi ya Mama Agnela", na wapo vijana wanaodhani ni jina la kisheria. La pili ni ufanyakazi bora wa Mei Mosi mwaka 1999, uliompatia baiskeli ambayo mpaka leo hajaipanda. Kompyuta zilipoletwa alijifunza kwa wiki mbili, akasema ni mashine nzuri ila ina kasoro moja, kwamba ikifuta haiachi alama.

Rasimu ya wasifu huu nilimpelekea wiki iliyopita, kama ilivyo desturi yetu kumwonyesha mstaafu. Nilikuwa sijalala vizuri kwa ajili ya ile sehemu ya ukurasa. Katika kila kikao chetu ajenda ya pili ni kuthibitisha kumbukumbu za kikao kilichopita, na mwenye marekebisho huinua mkono. Nimekaa katika vikao mia kadhaa tangu mwaka 1994 na mkono wangu ulibaki mapajani. Kwa maandishi haya nauinua. Sikutaka kupokea madaftari mia moja arobaini na matatu huku faili lina karatasi yangu yenye matundu. Mama Magdalena amealikwa Ijumaa, na mama yangu atakuja naye, na wote wawili watayasoma haya kabla sijawaamkia. Ninaogopa, na niandike pia kwamba ninaogopa.

Aliirudisha rasimu asubuhi iliyofuata. Kwenye sehemu ile hakufuta neno. Nilikuwa nimeandika "mwezi Machi", akasahihisha kwa penseli: "Jumanne 22 Februari, saa nane mchana." Pembeni akaweka alama ya vema. Nilikwenda chooni nikakaa huko mpaka macho yakauke, halafu nikarudi kazini.

Alichokifuta ni sentensi yangu ya mwisho. Niliandika kwamba watumishi wote wa halmashauri, kwa kauli moja, wanasikitika kuondoka kwake. Alipiga mstari juu yake na kuandika chini: "Umewauliza?"

Basi nimewauliza. Nilipita ofisi kwa ofisi, mlango kwa mlango, na karatasi ya mistari mitatu. Watumishi ni arobaini na wawili. Wanaosikitika ni arobaini na mmoja. Waliokaa, hakuna. Asiyesikitika ni mmoja, Bwana Elihuruma, dereva, na maneno yake ni haya: "Mimi sisikitiki. Huyu mama amenichelewesha kula miaka kumi na tisa, eti mpaka msemaji wa mwisho amalize. Ameshafanya kazi, aende akapumzike na mimi nile saa saba kama watu. Andika hivyo hivyo, na jina uweke." Baadaye alirudi kuuliza kama gari la kumpeleka nyumbani Kijenge limeshapangiwa mtu, maana hataki liendeshwe na mwingine.

Mama Agnela, asante kwa kutusikia. Upumzike Kijenge na wajukuu wakuchoshe kwa kelele, nawe usiandike hata neno moja isipokuwa ukipenda. Mungu akupe miaka mingi na afya, na Akheri isikusahau kwa ndizi. Ijumaa tutakupigia makofi, tena mengi. Hayo ni ya kukuaga tu. Mtu asije akasema tulikubali uondoke. Nitaandika hivyo. Nitakuwa nimekaa nyuma kabisa, nina penseli tatu.

Aminiel Ephraimu
Msaidizi wa Mwandishi wa Vikao